Alama ya Msiba

1

Ambakisye Mwasomola alizikwa asubuhi ya mvua, na kabla watu hawajamaliza kunawa mikono msibani, gari la mgodi wa Lyandembo lilisimama nje ya ua kumtafuta Tusekile Mwambigija.

Tusekile hakuwa ndugu wa marehemu. Alikuja kuzika kwa niaba ya chama cha wafanyakazi wa migodi, na tayari alikuwa amevua viatu vilivyojaa tope na kujibanza kwenye jamvi la wanawake. Dereva hakutaka kuingia ndani. Alimwita pembeni, akainama kama mtu anayetoa pole, akamwambia kwamba kule chini kuna mtu anagonga bomba.

"Nani?" Tusekile aliuliza, ingawa jibu lilikuwa moja tu.

"Sikitu. Yu hai."

Tangu dari la njia ya chini lilipoporomoka mwanzoni mwa juma, hakuna aliyethubutu kulitaja jina la Sikitu Haule kama la mtu anayepumua. Lyandembo haukuwa mgodi wa kizamani. Watu hawakushuka tena kuchimba. Mchimbaji alikaa juu, kwenye chumba chenye feni na chupa za chai, akavaa kofia ya nyaya. Kofia ikachukua nakala ya akili yake, na nakala hiyo ikashushwa kwenye mtambo ulioko chini. Nakala hiyo waliiita pacha. Pacha alichimba gizani kutwa nzima, na jioni yale aliyoyaona na kuyatenda yalirudishwa kwa mwenyewe, akaenda nyumbani akikumbuka kazi ambayo mwili wake haukuifanya. Lakini pampu za maji bado zilitaka mkono wa mtu, wenye vidole vinavyohisi chembe ya chuma ndani ya grisi. Sikitu alikuwa fundi wa pampu. Mwamba ulipoanguka, yeye peke yake ndiye aliyekuwa huko chini na damu mwilini.

Ambakisye wakati ule alikuwa juu, kofia kichwani. Waya ulipokatika aliivua, akakimbia na wenzake hadi kwenye mdomo wa njia, wakaanza kufukua kwa sululu na kwa mikono. Mporomoko wa pili ulimkuta yeye, kwa kuwa ndiye aliyekuwa mbele kuliko wote.

Garini, Tusekile alijiuliza wamemwitia nini. Hakuwa mtu wa uokoaji. Kazi yake ilikuwa kutunza mafaili ya Uzi, programu iliyounganisha kofia na mitambo, na Uzi haubebi mawe.

2

Injinia Rweyongeza, meneja wa mgodi, alimpokea mlangoni mwa chumba cha mitambo akiwa na macho mekundu. Hakumkaribisha hata kukaa. Alimwonyesha kioo kilichochorwa mistari ya miamba, akaweka kidole mahali palipobaki uwazi mdogo katikati ya mawe.

Alieleza kwa haraka. Uwazi ule ulipaswa kuwa umekwisha kujaa, kwa sababu dari lote la upande ule lilikuwa limeshapasuka. Halikuanguka kwa kuwa kulikuwa na kitu kimelishikilia: faru mmoja, yaani mtambo wa kuchimba wenye mikono miwili, ambao vipimo vilionyesha kwamba umesimama na mikono yake imeinuliwa juu. Sikitu alikuwa chini ya mikono hiyo. Kekee ilikuwa ikiteremsha waya mpya kupitia mwamba, na ingefika kabla jua halijapinda sana. Betri ya faru ilikuwa inaelekea kwisha. Bila waya mikono ingelegea, na bila mtu wa kuwaambia kutoka kule chini dari limepasuka wapi, wasingejua wachimbe shimo la kumtolea Sikitu upande gani.

"Nani anamwendesha faru huyo?" Tusekile aliuliza.

Rweyongeza alimtazama. "Ambakisye."

Hapo ndipo Tusekile alipoelewa ameitwa kwa nini. Alivuta kiti akaketi bila kuambiwa.

Uzi ulikuwa maktaba ya mafaili machache tu, kitu ambacho mtumiaji hakioni, kimelala ndani ya kila kofia na ndani ya kila mtambo. Kazi yake ni kuhakikisha pande mbili zinajua jambo moja. Pacha akijifunza kitu, Uzi unakipandisha. Mwenyewe akibadili nia huku juu, Uzi unaiteremsha. Pande mbili zikipingana, Uzi unaamua ni upi usikilizwe. Na upande mmoja ukifutwa, Uzi unafuta na wa pili. Faili lililofanya kazi hiyo ya mwisho liliitwa msiba. Hospitali ikishaandika kwamba mtu amefariki, alama inawekwa kwenye kumbukumbu ya kofia yake, na alama hiyo ndiyo inayotangulia kitu kingine chochote kwenye waya. Ikifika chini, pacha anafutwa. Mtambo uliobaki bila pacha hushusha mikono yake taratibu na kuzima, kwa usalama wa waliopo.

Alama ya Ambakisye ilikuwa imeshaandikwa tangu siku aliyokufa. Ilikuwa ikingoja waya.

"Umeme na taarifa vinapita pamoja," Rweyongeza alisema. "Faru hapokei umeme mpaka Uzi wa juu na Uzi wa chini vitambuane. Vikitambuana tu, Ambakisye anafutwa, na Sikitu anafukiwa. Liondoe faili la msiba, Bi Tusekile. Saini yako ndiyo inayotakiwa."

"Si yangu peke yangu."

"Yako na ya mfiwa, ndivyo sheria inavyotaka. Najua. Mfiwa tutazungumza naye."

Tusekile alimwomba amwache peke yake kidogo.

3

Faili lile aliliandika yeye, na aliliandika kwa sababu ya mjomba wake.

Mjomba Lugano alifariki Tusekile akiwa bado chuoni. Walimzika, wakakaa matanga, wakaondoa tanga. Miaka ikapita. Siku moja mfanyakazi mgeni wa mgodi mwingine, mbali na Lyandembo, alisikia sauti kwenye spika ya mtambo ikimuuliza kama anatokea milimani, na kama anatoka huko, je, anawafahamu watu wa nyumba fulani, maana tangu zamani hawajampelekea salamu. Alikuwa Mjomba Lugano. Kampuni iliyokuwa ikimtumia ilikuwa haijamwambia kwamba amekufa. Kila jioni walimpa kumbukumbu za kubuni za nyumbani, chakula na usingizi, na kila asubuhi aliamka akachimba. Mama yake Tusekile alipelekwa akazungumze naye. Aliporudi hakusimulia kitu, ila kwa muda mrefu baadaye alikuwa akisimama ghafla katikati ya kazi na kutega sikio, kama mtu aliyeitwa.

Chama kilipigana mpaka sheria ikapita kwamba hakuna kampuni itakayomiliki Uzi, na kwamba mtu akifa pacha wake hafanyi kazi hata siku moja zaidi. Tusekile ndiye aliyeigeuza sheria hiyo kuwa mistari ambayo mashine inaitii. Watu wa migodini walimshika mkono barabarani kumshukuru.

Sasa alikuwa ameombwa aifute. Na haikuwezekana kuifuta kwa faru mmoja tu. Pande mbili zenye matoleo tofauti ya Uzi hazizungumzi. Toleo jipya lingeingia kwenye kofia zote za Lyandembo, kisha kwenye ghala kuu, kisha migodi yote inayotumia Uzi ingelichukua yenyewe. Rweyongeza alilijua hilo. Tusekile hakudhani kwamba mtu yule alikuwa anamtumia Sikitu kama kisingizio. Macho yake mekundu yalikuwa ya kweli. Lakini nyuma yake walikuwapo wengine, na wao wangeamka kesho wakakuta mlango uko wazi.

Kutoka kwenye spika ndogo iliyounganishwa na bomba la maji, chuma kilisikika kikigongwa. Mara tatu, kimya, mara tatu. Kila baada ya kitambo ngo-ngo-ngo ile ilirudi, na kila iliporudi vijana wa vipimo, waliokuwa upande wa pili wa chumba wakisoma mienendo ya mwamba, waliacha kuandika.

Tusekile alifungua faili, akalitazama muda mrefu. Halafu akaona kwamba kuna njia nyembamba. Uzi ulikuwa na mahali pa kuweka mambo yanayopingana, yakae pale mpaka mtu ayaamue. Alama ya msiba ingeweza kwenda huko badala ya kufuta papo hapo. Ingefika chini, ikasimama mlangoni, na pacha angeulizwa mwenyewe: unakubali au hukubali.

Alimwita Rweyongeza akamweleza. Rweyongeza alifikiri, kisha uso wake ukalegea.

"Hiyo inatosha kabisa," alisema.

Ndipo Tusekile alipojua ubaya wake. Nani angeulizwa kama anataka kufutwa akajibu ndiyo? Hata Mjomba Lugano, siku ile alipoambiwa ukweli, aliomba aendelee. Alisema afadhali kuchimba kuliko kutokuwapo. Kampuni isingehitaji tena kumdanganya mtu. Ingemuuliza tu.

Hakuwa na muda wa kutafuta njia nyingine. Aliomba gari limrudishe msibani.

4

Atuganile, mjane wa Ambakisye, alikuwa ameketi kwenye godoro chumbani, kanga imemfunika kichwa, wanawake wa ukoo wamemzunguka. Tusekile aliomba radhi kwa kila mmoja wao kabla ya kumwomba mfiwa watoke kidogo. Shangazi wa marehemu alinung'unika kwamba mjane hatolewi nje siku ya kuzika. Lakini Atuganile alishasimama. Walikwenda jikoni, wakasimama kati ya masufuria ya msiba, moshi ukiwachoma macho.

Tusekile hakujua aanzie wapi, kwa hiyo alianzia kwa Sikitu. Atuganile alishika mdomo. Alimfahamu Sikitu, walisuka pamoja nywele kila mwezi. Kisha Tusekile akasema yaliyobaki, moja baada ya jingine, bila kupamba.

"Unaniambia nina mume mwingine kule chini," Atuganile alisema.

"Ni huyohuyo, mama Lusajo, mpaka pale waya ulipokatika. Baada ya hapo kila mmoja aliishi siku zake."

"Anajua?"

"Hajui."

Atuganile alichukua mwiko, akakoroga chungu ambacho hakikuwa chake kukikoroga.  Aliposema, sauti yake ilikuwa imekauka. Alisema asubuhi ile ametupa udongo kwa mkono wake mwenyewe, na kwamba watoto wameshaambiwa baba hatarudi, na mdogo wao bado analitazama lango. Alisema hakuwa na nguvu za kumzika mtu huyohuyo mara ya pili. Halafu akauliza mama yake Sikitu yuko wapi. Tusekile akamwambia yuko pale mgodini tangu siku ya kwanza, amekaa kwenye benchi la walinzi, anakataa kula.

"Nitaweka kidole," Atuganile alisema. "Lakini kumwambia nitamwambia mimi. Asiambiwe na mtu wa kampuni."

"Sawa."

"Na jambo lingine. Akishamtoa Sikitu, wasimshikishe tena kazi. Hata akitaka mwenyewe, maana namjua, atataka. Mtu akifa kazi yake imekwisha. Zaidi ya hapo mimi sijui lolote kuhusu mambo yenu."

Tusekile alisimama na kishikwambi mkononi, na kitu kikamfungukia kichwani kwa namna iliyomtia aibu na furaha kwa pamoja. Miaka yote ile aliyachukulia mambo mawili kama moja: kuwapo, na kufanya kazi. Ili kampuni zisiibe jasho la wafu, aliwafuta wafu wenyewe. Hakuwahi kufikiri kwamba inawezekana kuwaacha na kuwanyang'anya mikono tu.

Akaketi palepale kwenye kigoda cha jikoni akaandika, chini ya ile mistari ya kumuuliza pacha. Pacha mwenye alama ya msiba asipewe mtambo wowote. Mtambo ukimtambua, umkatae. Isipokuwa mtambo alio nao alama inapomkuta, na hata huo mpaka atakapoutoka tu. Mistari haikuwa mingi. Aliisoma mara mbili, akamsomea Atuganile kwa maneno ya kawaida, akamweleza kwamba kwa njia hii Ambakisye atabaki sauti na mawazo, basi, na kwamba kubaki au kuondoka kutakuwa juu yake.

Atuganile alifuta majivu kwenye kidole gumba kwa ncha ya kanga, akakibandika kwenye kioo. Tusekile akabandika chake pembeni. Toleo jipya likaondoka.

Garini walikaa kiti cha nyuma wote wawili. 

5

Kekee ilipenya adhuhuri. Walijua kwa sababu ngurumo yake ilibadilika, ikawa nyepesi, na kijana wa vipimo akainua mkono. Waya ulisukumwa polepole ndani ya tundu. Sikitu ndiye aliyeupokea huko chini. Waligonga bomba kumwelekeza namna walivyopatana kwenye mafunzo, naye akagonga kujibu. Wakasubiri auchomeke. Betri ya faru kwenye kioo ilikuwa imebakiza mstari mwembamba mwekundu.

Kisha taa ikawaka. Uzi wa juu ukabisha, Uzi wa chini ukaitika.

Tusekile aliona alama ya msiba ikiondoka mahali ilipokuwa imelala siku zote zile. Aliiona ikivuka, ya kwanza kuliko umeme, kuliko sauti, kuliko kitu chochote. Alijua aliyoyaandika, lakini mwili wake haukujua; jasho lilimtoka mgongoni. Alama ikafika. Ikasimama.

Mstari mwekundu ukaanza kunenepa. Umeme ulikuwa unaingia.

"Halo," spika ilisema. "Mmechelewa sana jamani."

Ilikuwa sauti ya Ambakisye, nzito, yenye mzaha kidogo mwishoni. Katika chumba kile wanaume wengi walikuwa wamelibeba jeneza lake asubuhi. Mmoja wao alitoka nje. Rweyongeza alishika ukingo wa meza.

Ambakisye alisema Sikitu amevunjika mguu lakini anaongea, maji ya kunywa yapo ingawa yana chumvi, dari limepasuka kuanzia nyuma yake kuelekea kaskazini na asingeshauri mtu yeyote achimbe huko. Kisha akasema kuna kitu kimesimama mlangoni kwake, kama barua isiyofunguliwa, nacho hakielewi. Akauliza ni nini.

Tusekile alimsogezea Atuganile kipaza sauti.

"Baba Lusajo," Atuganile alisema.

 Mke wa mtu haletwi kwenye chumba cha mitambo kwa jambo dogo, na Ambakisye alilijua hilo.

"Watoto?" aliuliza.

"Watoto wazima. Ni wewe."

Alimwambia. Hakulia wala hakuzungukazunguka. Alimwambia dari lilipoanguka alivua kofia akaenda kufukua, mwamba ukashuka tena, wakamtoa jioni, na leo wamemzika karibu na baba yake. Alitaja waliobeba. Alisema mvua ilinyesha. Kwenye kioo, mikono ya faru ilitetemeka, na vumbi likamwagika kutoka darini. 

"Alikuwa anamfuata nani?" Ambakisye aliuliza mwishowe.

"Sikitu."

"Sikitu ninaye mimi hapa." Sauti ilikuwa imeshuka sana. "Siku zote ninaye. Angejua ninaye, asingekuja."

 Tusekile, ambaye maisha yake yote ya kazi yalikuwa kuhakikisha upande huu unajua kinachojulikana upande ule, alitazama sakafu.

Mikono ya faru ikatulia. Ambakisye akasema, kwa sauti ya mtu aliyerudi kazini, kwamba mambo hayo yakae kwanza. Walete kekee kubwa upande wa kusini, juu kidogo ya pampu, na wasiharakishe.

6

Kazi ile ilichukua mchana wote. Kekee kubwa ilikula mwamba, na Ambakisye akaiongoza kwa masikio, akisema kushoto kidogo, simama, sasa endelea. Mara mbili dari lilikohoa, na mara zote mbili alisogeza mkono mmoja wa faru kwa kiasi cha unene wa kidole, akabadili mahali pa kuegemea, mwamba ukamlalia upya. Alimzungumzisha Sikitu muda wote. Walimsikia akimuuliza habari za mdogo wake aliyeko Songea, na Sikitu akijibu kwa sauti ya kulewa maumivu.

Kizimba cha chuma kiliteremshwa, chembamba kama pipa. Sikitu alijivuta ndani kwa viwiko. Kilianza kupanda. Kilipotokeza, mama yake alinyanyuka kutoka kwenye benchi la walinzi, akaenda mpaka kwenye mdomo wa shimo, akauweka mkono wake kwenye paji la uso wa mwanawe na kuuacha pale, hata machela ilipoanza kusogea.

"Ametoka," Tusekile alisema kwenye kipaza sauti.

"Nimeona. Basi nipandisheni na mimi, mikono imeanza kuuma. Kama inauma."

Uzi ukamvuta juu, siku zake zote za gizani zikiwa pamoja naye, ukamweka kwenye ghala la kofia yake, mahali ambapo zamani angemkuta mwenyewe akimsubiri. Kule chini faru alibaki mtupu. Alishusha mikono taratibu, na muda mfupi baadaye ardhi ikatingishika chini ya viti vyao. Uwazi ukatoweka kwenye kioo.

Rweyongeza aliinamia kipaza sauti kabla mtu mwingine hajafanya hivyo. Alimshukuru Ambakisye, na shukrani yake ilikuwa ya dhati. Kisha akasema mgodi hauwezi kumsahau, na kwamba njia ya juu kuna faru mpya anayengoja mwendeshaji. Kama Ambakisye hataki kufutwa, hana haja ya kufutwa. Familia itaangaliwa. Anaweza kuendelea muda wowote apendao.

"Ningependa," Ambakisye alisema bila kusita. "Mimi mchimbaji. Nitakaa nifanye nini?"

Tusekile aliyasikia maneno yale na akamsikia Mjomba Lugano. Rweyongeza alishabonyeza, njia ya kwenda kwa faru mpya ikafunguka. Ilipita kitambo kifupi. Taa ya faru haikuwaka.

"Mikono yangu iko wapi?" Ambakisye aliuliza.

Rweyongeza alibonyeza tena. Kisha akageuka polepole kumtazama Tusekile, na rangi ya uso wake ikabadilika alipoanza kuelewa. Alimuuliza ameandika nini. Tusekile akamwambia: mwenye alama ya msiba hapewi mtambo, si hapa tu, bali popote Uzi ulipo, na kwamba toleo hilo limeshafika migodi yote tangu mchana. Rweyongeza alisema kampuni zitaliondoa. Tusekile akajibu kwamba watahitaji saini mbili zilezile zilizoliweka, na moja ni ya kwake.

"Na nyingine yangu," Atuganile alisema.



"Mama Lusajo," Ambakisye alisema. "Ni wewe uliyewaambia?"

"Mimi."

"Nimezuia mwamba siku zote zile. Mikono ndiyo kitu pekee kilichonibakia."

"Najua."

"Ungeniuliza."

 Tusekile alitaka kumsaidia Atuganile, aseme kwamba muda haukuwapo, kwamba waya ulikuwa bado haujafika, kwamba hakukuwa na namna ya kumuuliza mtu aliye upande wa pili wa mwamba. Yote yalikuwa kweli. Lakini aliona kwamba Atuganile hatafuti udhuru, kwa hiyo akanyamaza.

"Ningekuuliza ungekataa," Atuganile alisema. "Na mimi nisingeweza kulala, nikijua uko chini ya ardhi mara mbili."

 Rweyongeza alitoka, mlango ukajifunga nyuma yake. Vijana wa vipimo nao wakaondoka mmoja mmoja, wakipita kwa ncha za vidole kama wanaotoka kwenye chumba cha mgonjwa. Tusekile akanyanyuka pia. Kwenye kioo, alama ya msiba ilikuwa bado mlangoni pale iliposimama, ikingoja jibu la mtu ambaye hadi sasa hakuna aliyekuwa amemuuliza lolote.

Atuganile alivuta kiti karibu na spika, akaketi, akajifunga kanga upya kiunoni.

"Basi nakuuliza sasa," alisema. "Utabaki hivyo ulivyo, au utakwenda? Usinijibu kwa ajili yangu."

Tusekile alikuwa amefika mlangoni. Alisikia pumzi ndefu kwenye spika, ya kifua kisichokuwapo, mazoea tu.

"Sijui," Ambakisye alisema. "Kwa kweli sijui. Lakini usiondoke."

"Siondoki."

"Nisimulie mazishi. Tangu mwanzo. Nani alikuja?"

Tusekile alifunga mlango taratibu, na nyuma yake akamsikia mjane akianza kutaja majina.